Cheo na Mstari



Sisi tuishio katika nyumba za askari twajua jinsi watoto wanavyopimana kwa tepe za baba zao. Mume wangu ni koplo, huu mwaka wa tisa. Walioingia jeshini nyuma yake wengine wamekwisha kuwa masajini. Mwanetu wa kwanza ameanza kumtazama baba yake kwa jicho la dharau, na jambo hilo laniuma kuliko uhaba wa mshahara.

Kwa kuwa nilisomea ualimu kabla ya kuingia ofisini, nilimtafutia mfano wa mbali: kundi la baleti la Opera ya Paris, nchini Ufaransa. Baleti ni ngoma ya jukwaani isimuliayo hadithi kwa viungo, bila maneno. Mfalme Louis wa 14, ambaye naye alikuwa mchezaji, alianzisha chuo cha ngoma mwaka 1661. Wachezaji wa Paris wana vyeo vitano, mfano wa jeshi: kadrili, korife, suje, mchezaji wa kwanza, na juu ya wote nyota.

Wala kupanda si kwa zamu. Mwaka 2023 Guillaume Diop, ambaye baba yake ni Msenegali, alitoka usuje akawa nyota, akaruka cheo kizima. Ndiye mtu mweusi wa kwanza kufika hapo. Mwanangu alifurahi sana, akadhani hadithi imekwisha.

Ndipo nikamweleza habari ya mstari. Katika mchezo wa La Bayadère, uliotungwa na Marius Petipa mwaka 1877, vivuli vya wafu hushuka mteremko mmoja mmoja. Huko Paris ni wachezaji 32 waliovaa nguo nyeupe, kila mmoja akiinua mguu nyuma sawasawa na mwenzake. Hao ni watu wa vyeo vya chini. Anayetangulia huirudia hatua hiyo zaidi ya mara 30, na watazamaji hawalijui jina lake. Akiyumba yeye, mstari umeharibika, wala nyota hana uwezo wa kuutengeneza.

Tena wote, tangu kadrili hata nyota, hustaafu wafikapo miaka 42.

Akina mama wenzangu, tuwazoeze watoto kuuliza baba amefanya kazi gani leo, kabla ya kuhesabu tepe zake. Kupandishwa cheo kwa mume wangu nakuombea kila siku. Lakini usiku akiwa lindoni, kambi nzima hulala kwa kumtegemea koplo huyo huyo.